Kuhesabu Ukavu

Nyumba ya mama iko hatua arobaini kutoka mto Maas,
matofali mekundu, mlango wa kijani, bei ya chini,
na uchini huo wa bei ulikuwa na sababu yake.
Mtu wa bima alisema: "Mafuriko ya mara moja kwa miaka mia."
Mama akacheka. "Nina miaka sitini na minane.
Hayo ni ya vitukuu."

Jirani Teunissen, fundi baiskeli, akapinga.
Moja kwa mia mwaka huu, moja kwa mia mwakani,
jumlisha mara thelathini, upate thelathini.
"Na nikiishi miaka mia na ishirini?" mama akamuuliza.
"Asilimia mia na ishirini? Maji yatakuja hata yasipokuja?"
Teunissen akarudia mnyororo wake.

Nikachukua risiti ya mkate, nikaigeuza.
Mama, usiyakimbilie maji.
Maji yana njia nyingi za kuja:
mwaka wa tatu peke yake, au wa tisa na wa ishirini,
au miwili mfululizo kama mdai asiye na haya.
Ukianza kuzihesabu zote utakesha.
Kutokuja kuna njia moja tu:
mwaka mkavu, na mwaka mkavu, na mwaka mkavu,
thelathini, uzi usikatike.
Tisini na tisa kwa mia, zidisha kwa tisini na tisa kwa mia,
tena, tena,
kila mara kipande kinamegwa
kama jibini chini ya kisu chembamba.
Mwishoni pamebaki sabini na nne.
Toa kwenye mia nzima: ishirini na sita.
Hiyo ndiyo angalau mara moja.

Mama aliitazama risiti hadi chai ikapoa.
"Kumbe kuja hujulikana kwa kuulizia kutokuja."
Akainunua nyumba.
Picha za baba akazipandisha ghorofani,
na soketi za umeme zikahamishwa hadi usawa wa kifua.

Usiku huo nikaitumia hesabu ileile mahali pasipostahili.
Kila Jumapili mama humpigia simu kaka yangu Joost.
Tangu mazishi ya baba, na maneno yaliyosemwa pale,
simu hulia huko Groningen, hulia, hunyamaza.
Nikasema, tuseme nafasi ya kupokea ni moja kwa ishirini.
Jumapili hamsini na mbili.
Kimya kwa kimya kwa kimya,
kinabaki kimya cha saba kwa mia.
Tisini na tatu, basi! Kabla ya mwaka kwisha
atasema "Mama",
angalau mara moja.

Mwaka uliisha.

Kosa langu halikuwa kwenye kuzidisha.
Mto haukumbuki. Baada ya mwaka mkavu
unaanza upya, mia ileile, moja ileile.
Joost anakumbuka. Kila simu asiyoipokea
huifanya ya Jumapili ijayo iwe nzito zaidi kuinua.
Kuzidisha kunataka mambo yasiyojuana,
nami nilimzidisha mtu na mama yake.

Majira ya baridi ya nne, Maas ukapanda.
Ukavuka njia ya baiskeli, ukameza geti,
ukazilamba ngazi moja moja, ukaingia bila kubisha.
Tulikuwa ghorofani, mimi, mama, baba wa kwenye picha,
na chupa kumi na tisa za matunda ya kusindika.
Simu tuliisahau jikoni, imechomekwa kwenye soketi ya kifuani,
kavu, ikichajiwa mpaka umeme ulipokatika.

Asubuhi tulikuta namba ya Groningen kwenye kioo.
Saa nane usiku. Imelia mara moja.
Haikupokewa.

"Hii inahesabika?" nikauliza.

Mama alikuwa amevaa buti za mpira,
tope likimfika kifundoni, kitambaa cha vyombo begani.
"Wewe ndiye mwalimu," akasema,
macho yake yakitafuta kiti kikavu
ili aketi na kupiga. Na ilikuwa Jumatano.